Mama Kamera na Wimbo wa Sakafu Mpya

Ukiwauliza Wakongo wa Stockholm habari za Dorothée, watakuuliza ni Dorothée yupi, maana wako wengi. Ukisema Mama Kamera, watacheka kwanza, kisha watakufungulia kabati na kukuonyesha diski. Karibu kila nyumba inayo moja. Amepiga filamu za harusi za kitongoji cha Tensta, ubatizo wa Tumba, sherehe za watoto waliomaliza shule, na hata mazishi, ingawa mazishi hapendi kwa sababu watu hawamsikilizi akiwaambia wasogee.

Ni shangazi yangu, mdogo wa baba. Mimi namwita Tantine, kama tunavyowaita mashangazi kwetu Butembo. Nakaa kwake Hallonbergen, ghorofa ya tano, pamoja na mumewe Tonton Kambale, dereva wa basi, na mtoto wao Hervé, ambaye ukimsemesha Kiswahili anakujibu Kiswidi, na ukimgombeza kwa Kinande, lugha ya kwetu, anakwenda kufunga mlango wa chumba chake polepole sana.

Siku za kazi Tantine alikuwa akipika katika shule ya chekechea. Jumamosi alivaa suruali nyeusi, akafunga kitambaa kichwani, akabeba kamera, na hapo alikuwa mtu mwingine. Alikuwa anawaamuru watu wote.

"Bibi harusi, shusha kidevu. Wewe kijana, toa mkono mfukoni, hapa si kituo cha basi. Mchungaji, rudia hapo pa pete, sikukuona vizuri."

Na mchungaji alirudia. Tonton Kambale alikuwa akisema, "Wale wa Tensta wameapa mara mbili, ndiyo maana hawaachani."

Jambo moja lazima nilieleze hapa, la sivyo yaliyofuata hayataeleweka. Katika filamu za harusi zetu, sauti ya kamera haina kazi. Nani anataka kusikia sahani zikigongana na shemeji akiulizia soda? Tantine alikuwa akiifuta sauti yote na kuweka muziki juu: rumba kwa watu wa kawaida, kwaya kwa wachungaji. Halafu aliteremsha maua ya waridi kutoka juu ya picha, akaandika majina kwa dhahabu, na watu walilia kwa furaha. Hakuna aliyewahi kumuuliza sauti imekwenda wapi.

Aliyeuliza wa kwanza ni Bibi Soaz.

Bibi Soaz anakaa jengo letu, mlango wa ngazi ya jirani, peke yake, mwanamke mwembamba mwenye nywele nyeupe alizozikata mwenyewe kwa mkasi. Tulimfahamu mwaka 2007 katika chumba cha kufulia. Wanaokaa huku wanajua kwamba chumba cha kufulia ndicho mahali pekee jirani anapoweza kukusemesha, na akikusemesha ujue una kosa. Kila mtu ana muda wake aliojiandikia, na kila mtu anapaswa kusafisha mashine ya kukaushia anapomaliza, kuondoa yale manyoya ya nguo yanayokwama kwenye kichujio. Tantine alikuwa hayaondoi.

Siku hiyo tulikuwa tunakunja mashuka, bibi akaingia ameshika donge la manyoya kwa vidole viwili, kama anayeshika panya. Akasema maneno yake kwa Kiswidi, kwa adabu, lakini marefu. Tantine akachukua lile donge, akageuka, akanung'unika kwa Kifaransa, akijua Mswidi hawezi kumsikia:

"Huyu kizee naye katumwa na nani?"

Bibi akajibu kwa Kifaransa safi, "Nimetumwa na mashuka yako, mama."

Tantine alibaki na shuka mkononi. Halafu wakaangaliana, na wote wawili wakaanza kucheka mpaka Tantine akakaa juu ya kikapu cha nguo, kikabonyea.

"Kumbe wewe ni Mfaransa," Tantine alisema.

"Pasi ya kusafiria ilisema hivyo. Mimi ni wa Bretagne, ile pembe ya magharibi inayoingia baharini. Lugha yetu ni Kibretoni. Kifaransa nilikipata shuleni, kwa fimbo. Ukikamatwa unasema Kibretoni, mwalimu anakuvika kiatu kikuukuu cha mbao shingoni, na hukivui mpaka umkamate mwenzako naye anasema."

Tantine alilikunja shuka lake. "Kwetu kilikuwa kipande cha ubao," alisema. "Kwa Kinande. Na sisi ni hivyo hivyo, mpaka umkamate mwingine."

"Wewe ulimkamata nani?"

"Rafiki yangu. Nilimkanyaga mguu kwa makusudi, akamwita mama yake kwa Kinande."

"Mimi nilimfinya dada yangu Katell," alisema Bibi Soaz. "Alikuwa na ngozi laini, alikuwa analia mapema."

Tangu siku hiyo muda wa kufulia wa Tantine ukawa pia muda wa Bibi Soaz kuja na termosi ya kahawa. Tulijua habari zake kidogo kidogo. Alikuja Stockholm msichana, akaolewa na fundi wa meli, akakaa, fundi akafa, naye hakurudi. Kibretoni alikuwa akikisema kwenye simu tu, na dada yake Katell aliyebaki kijijini. Majira ya baridi yaliyopita Katell naye akafa.

Sasa kule kijijini kulikuwa na chama cha watu wanaopiga filamu ya wazee wao, ili lugha yao isiishie kaburini. Wanakwenda nyumba kwa nyumba na kamera, wanawauliza wazee kuhusu ng'ombe, kuhusu siagi, kuhusu namna ya kumtukana jirani bila dhambi. Walimpigia simu Bibi Soaz. Walitaka kitu kimoja kwake: wimbo wa sakafu mpya. Kila kijiji kule kilikuwa na wimbo wake, na wa kijiji chao walibaki wawili waliokuwa wanaujua, yeye na Katell. Filamu ingeonyeshwa kwenye sikukuu yao ya mwezi wa nane.

"Miguu yangu haipandi tena ndege," Bibi Soaz alimwambia Tantine. "Wameniambia nitafute yeyote mwenye kamera. Nisipouimba mwaka huu, baada yangu hakuna." Alilisema kama mtu anayesema maziwa yamekwisha, lakini kikombe alikuwa amekishika kwa mikono yote miwili.

"Bibi," Tantine alisema, "umefika kwa mwenyewe."

Jumapili zilizofuata Bibi Soaz alikuja kwetu baada ya ibada. Tantine alimkalisha kwenye kiti chenye kitambaa cheupe na utepe wa dhahabu, vile viti vya meza kuu ya harusi ambavyo huvitunza chini ya kitanda. Alimwashia taa usoni. Alimwambia ashushe kidevu. Bibi Soaz akasimulia mambo yake kwa Kibretoni, akicheka mwenyewe, akigeuza mikono kama anayepiga siagi. Sisi hatukuelewa neno, lakini hatukuondoka sebuleni. Wimbo alisema utakuja baadaye, kwanza mdomo upate moto.

Kisha Tantine akajifungia na kompyuta, akatoka na diski, akatuita wote.

Filamu ilianza. Waridi zikashuka. Jina SOAZ likaja kwa dhahabu, likazunguka, likatulia. Bibi Soaz akatokea, taa inang'aa kwenye nywele zake, anasogeza mdomo taratibu, na juu yake gitaa la rumba linalia vizuri kabisa. Ilikwenda hivyo mpaka mwisho. Mwishoni njiwa wawili waliruka.

Bibi Soaz alitazama yote bila kupepesa.

"Mimi ni mzuri kweli," alisema. "Sasa ulimi wangu uko wapi?"

"Ulimi gani, Bibi?"

"Maneno niliyosema."

Tantine alimwangalia. Nilimwona rangi inambadilika usoni. "Ulitaka na sauti?"

Tonton Kambale alisimama, akasema anakwenda kuangalia hali ya hewa, akatoka kwenye baraza akafunga mlango wa kioo. Tuliyaona mabega yake yanatikisika.

Ikabidi Tantine aseme ukweli wote. Maiki ya kamera yake ilikufa zamani, siku ya ubatizo mmoja ziwani, alipoingia majini mpaka kiunoni kumfuata mchungaji. Hakuitengeneza, kwa sababu hakuihitaji. Kwenye kanda zote zile Bibi Soaz alikuwa bubu.

"Nisamehe, Bibi. Nimekupiga kama bibi harusi."

"Sijavaa vizuri hivyo hata siku ya harusi yangu," alisema Bibi Soaz. "Basi tuanze tena. Mara hii nitatia uongo kidogo, nisichoke na habari zilezile."

Maiki nzuri tuliyoijua ilikuwa moja, ya kwaya ya kanisa letu. Mtunzaji wake alikuwa Mama Emérithe, Mrundi wa Tumba, mfanyakazi wa usafi hospitalini, mwenye sauti inayoinua paa. Tantine alimpigia simu kuiazima.

"Maiki haiazimwi," alisema Emérithe.

"Kwa saa chache tu, mama."

"Ikitoka, inatoka na mimi. Ya kwanza mliikalia."

Akaja nayo kwa basi, treni na treni tena, imefungwa kwenye kitenge kama mtoto. Na kwa kuwa naye alisoma Kifaransa Bujumbura, alikaa akamsikiliza Bibi Soaz, akapenda, na Jumapili iliyofuata akaja bila kuitwa.

Kazi ilikuwa ngumu kwa Tantine kuliko harusi yoyote. Alipaswa kunyamaza. Alizoea kuongea nyuma ya kamera, na kila aliposema "vizuri, Bibi, endelea", ilibidi kurudia. Mwishowe aliweka pipi mdomoni ili ulimi uwe na kazi. Lakini zilipatikana habari za ng'ombe, za siagi, za kiatu cha mbao, na sasa sauti ilikuwepo, unasikia hata anavyovuta pumzi.

Ukabaki wimbo. Na hapo Bibi Soaz akakataa.

"Siuimbi peke yangu. Hauimbwi na mtu mmoja."

Akatueleza. Mmoja anaongoza mstari. Kabla hajaumaliza, wa pili anaingia juu ya maneno ya mwisho, wanayasema pamoja, kisha wa pili anaurudia mstari wote. Akikaribia mwisho, wa kwanza naye anaingia juu ya mkia wake. Ni hivyo hivyo mpaka mwisho, hakuna nafasi hata ya kupitisha sindano. "Nafasi ikitokea, wimbo umeanguka. Wa pili alikuwa Katell."

Tantine hakosi njia. Kwaya zetu zinapotengeneza filamu hurekodi sauti kwanza, halafu zinakwenda bustanini, redio inalia, wanakwaya wanafumba na kufumbua midomo mbele ya maua. Akasema tufanye vile: Bibi aimbe sauti ya kwanza, tuirekodi, kisha tuipige kwenye redio naye ajijibu mwenyewe.

Walijaribu. Bibi Soaz alisimama mbele ya redio, akasikia sauti yake, akaingia, akapitwa, akaingia tena, akapitwa. Akaizima.

"Hii redio haisikilizi mtu," alisema. "Katell akisikia nimechoka alikuwa ananingoja kwenye pumzi. Hii inakwenda tu, kama mume aliyelewa."

Akageuka kumtazama Emérithe, aliyekuwa anakunja waya wa maiki. "Wewe mama mwenye maiki. Unaimba?"

Tulicheka wote, kwa sababu ni kama kumuuliza Tonton Kambale kama amewahi kuliona basi.

Emérithe alijifunza maneno kwa sikio, wiki baada ya wiki, akiyarudia akiwa anapiga deki hospitalini. Wimbo wenyewe ulikuwa wa kuchekesha. Fundi cherehani amepoteza sindano yake kwenye udongo wa sakafu mpya, na kijiji kizima kimekwisha kuanza kucheza juu yake. Hakuna anayechomwa, maana wote wamevaa viatu vya mbao. Mwishowe anayeipata ni mbwa wa padri.

Maneno Emérithe aliyapata. Sauti alikuwa nayo. Wakakaa kwenye vile viti vyeupe, magoti yanakaribiana, Tantine akawasha kamera. Bibi Soaz akaongoza. Mstari ukafika mwisho. Emérithe akavuta pumzi, akaitikia vizuri sana.

Bibi Soaz akainua mkono. "Umechelewa. Ingia kabla sijamaliza."

"Ndiyo, Bibi."

Wakaanza tena. Emérithe alimtazama mdomoni, akangoja, mstari ukaisha, akaitikia.

"Nikate," alisema Bibi Soaz. "Hapo mwishoni, nikate."

"Ndiyo, Bibi."

Akarudia vilevile. Ilikuwa hivyo Jumapili hiyo na iliyofuata. Emérithe alikuwa anatoka jasho. Jikoni nilimsikia anamwambia Tantine, "Mama Hervé, mimi siwezi. Nikifungua mdomo nasikia mkono wa bibi yangu hapa." Akajigusa shavu. "Yule ni mzee. Mzee anasema, wewe unangoja amalize. Hata ungekuwa unaungua moto, unangoja. Nimelelewa hivyo, na wanangu nimewalea hivyo."

"Lakini yeye mwenyewe anakuomba."

"Akili inasikia. Mdomo unakataa."

Mwezi wa saba ulikuwa umeanza. Bibi Soaz alikuwa amepata kikohozi, si kibaya, lakini sauti yake ilikuwa inakwaruza kila akirudia. Jumapili moja akasema tuache. Angeyasema maneno tu mbele ya kamera, bila kuimba, na chama kingepata walau kisa cha sindano. "Maneno ni nusu," alisema. "Nusu si haba." Lakini hakumtazama mtu alipokuwa anasema, na hakunywa kahawa yake.

Tantine alitia pipi mdomoni, akawasha kamera. Kwa hasira nafikiri, maana aliigonga. Bibi Soaz akaanza kueleza, kwa Kifaransa ili na sisi tufuate, wimbo ulikuwa wa nini. Mtu akijenga nyumba, alisema, sakafu ni ya udongo. Anamwaga udongo mbichi, anaita majirani. Wanashikana mikono, wanacheza mstari mmoja, wanakanyaga jioni nzima mpaka udongo unakuwa mgumu kama meza. Waimbaji wawili wako katikati yao, wanawapa mwendo. Mwenye nyumba anatoa kinywaji, na sakafu anaipata bure.

Tantine akatema pipi kiganjani.

"Ngoja, Bibi. Kumbe ni kazi? Mlikuwa mnashindilia sakafu?"

"Sasa wimbo wa sakafu ni wa nini?"

"Hata sisi tulishindilia. Mama zangu Butembo, kwa miguu, mstari mmoja. Na nyinyi waimbaji, mlikuwa mmekaa?"

"Nani akae? Ukikaa unakula chakula cha wengine na kazi hufanyi."

Mmoja mmoja tukaviangalia vile viti vyeupe vyenye utepe wa dhahabu.

"Mama Hervé," alisema Emérithe taratibu, "wewe na viti vyako."

Tantine akasogeza viti na meza mwenyewe, kwa kiuno, bila kuomba msaada. Lakini walipopiga mguu wa kwanza, glasi za kabatini zililia, na Tonton Kambale akasema jirani wa ghorofa ya nne anafanya kazi usiku, sasa amelala, na ni mtu mkubwa. Tukahamia chini kwenye chumba cha kufulia, ambako sakafu ni ya zege na chini yake hakuna mtu. Muda ulikuwa wazi. Tantine akaandika jina lake, na kwa kuwa aliogopa kusema uongo, akaweka taulo moja kwenye mashine, akaiacha bila kuiwasha.

Maiki ilining'inizwa kwenye kamba ya kuanikia. Bibi Soaz akatupanga. Mikono inapitana kwenye viwiko, kila mtu amembana mwenzake, ndugu na jirani ni sawa. Yeye na Emérithe katikati. Tonton Kambale upande mmoja na viatu vyake vya kazini, mimi na Hervé upande wa pili. Tantine alikuwa nyuma ya kamera.

"Na wewe," alisema Bibi Soaz.

"Mimi napiga filamu, Bibi."

"Sakafu haishindiliwi na watu wachache. Hiyo kamera ina miguu mitatu, itasimama yenyewe."

Sijawahi kumwona Tantine anaogopa kitu kama alivyoogopa kusimama mbele ya kamera yake. Alijivuta kitambaa, akashusha kidevu, akaja akajibana kwenye mkono wa mumewe.

Kwanza tulikanyaga tu, bila wimbo, mpaka mguu ukawa mmoja. Si mwendo mgumu: unakwenda kando, unakwenda kando, unapiga. Hervé aliuliza kwa Kiswidi kama itachukua muda mrefu. Hakuna aliyemjibu, naye hakuacha kukanyaga. Halafu Bibi Soaz akainua sauti.

Nilikuwa namtazama Emérithe. Mstari ulikuwa unakwenda kwenye mwisho, na miguu yetu yote ilikuwa inakwenda nao, na pigo lilikuwa linakuja, hakuna namna ya kulizuia. Niliona midomo yake inabana, anangoja kama kawaida. Kisha mguu ukashuka, na sauti ikamtoka pamoja nao, juu ya maneno ya Bibi Soaz kabisa, kubwa. Macho yakamtoka kama mtu aliyevunja sahani kwa watu.

Bibi Soaz hakusimama. Alimbana mkono, akafunga macho, akamwachia mstari wote, kisha akamdaka mwishoni. Na Emérithe akamdaka tena. Fundi alipoteza sindano yake, kijiji kikaja, viatu vikakanyaga, na sisi tukakanyaga, na kikohozi cha Bibi Soaz kilipomjia katikati ya mstari, Emérithe alikisikia mapema, akauchukua mstari, akaubeba, akamrudishia mbele. Katika chumba kile chenye mabomba na harufu ya sabuni, sauti mbili zilikuwa zinazunguka bila nafasi ya kupitisha kitu. Mbwa wa padri aliipata sindano. Tukapiga mguu wa mwisho.

Tonton Kambale alikuwa anapumua kama basi lililofungua milango. Mlangoni alikuwa amesimama jirani mmoja na kikapu chake cha nguo, maana muda wetu ulikuwa umekwisha na wake umeanza. Hakulalamika. Aliuliza tu kama tumemaliza au kuna kingine.

"Nisamehe, Bibi," Emérithe alisema. "Nimekukata maneno."

"Umenikata vizuri sana."

"Si mimi. Mguu ndio umekukata."

"Ndiyo," alisema Bibi Soaz. "Hata kwa Katell ilikuwa mguu."

Lakini Tantine alikuwa amekwisha kukimbilia kwenye kamera. Alivaa vile vitu vya masikioni, akarudisha kanda, akabonyeza. Tulisimama tukimwangalia, hata jirani na kikapu chake. Aliinama, akasikiliza. Bibi Soaz aliushika ukingo wa mashine ya kufulia.

Tantine akavua, akamvalisha yeye.

Bibi Soaz alisikiliza amefumba macho, picha hakuitazama kabisa. Mahali fulani akainua kidole, na tukajua ndipo sauti ya pili ilipoingia. Aliporudisha vile vitu vya masikioni alisema neno moja la Kibretoni, trugarez, yaani asante, akatuambia amechoka, anataka kahawa yake sasa, na tusimpe ile baridi.

Tantine aliipeleka filamu Bretagne kama ilivyokuwa. Hakutia waridi. Mwezi wa nane, siku ya sikukuu, walipiga simu kutoka kwenye ukumbi wenyewe, na Tantine akaweka spika ili tusikie. Kelele zilikuwa nyingi, watu wanacheka, mtu anapiga zumari. Msichana wa chama alisema kwamba wimbo ulipoanza wazee walisimama mmoja mmoja, wakashikana mikono, wakasukuma viti ukutani. Walikuwa wameucheza mara kadhaa, na sasa wanataka kujua kitu. Huyu wa pili ni wa wapi? Anatamka vizuri, lakini mzee mmoja anashikilia kwamba si wa kijijini, anasema anatoka ng'ambo ya kilima.

"Mwambie amepatia," alisema Bibi Soaz. "Ni wa ng'ambo ya kilima."

Akamtafsiria Emérithe. Emérithe aliwaza kidogo, akasema hilo si uongo, Bujumbura imezungukwa na vilima, na kwao ni juu.

Yule msichana aliomba afundishwe. Kuongoza angeongoza yeyote, alisema, lakini wa kuitikia hawana. Kwa hiyo kila wiki Emérithe anatoka kazini, anakuja Hallonbergen kabla ya kurudi Tumba, anakaa na Bibi Soaz jikoni kwa Tantine, na simu inawekwa katikati ya meza. Bibi Soaz anaongoza, msichana anajaribu kuingia kutoka kule, na Emérithe anasahihisha kwa Kifaransa chake cha Bujumbura.

Juzi msichana alikuwa anachelewa kila mstari. Ni mtoto wa watu, ana heshima, alikuwa anawangoja wazee wamalize.

"Umekaa?" Emérithe alimuuliza.

Sauti kwenye simu ikasema ndiyo, amekaa.

"Simama, mwanangu. Na uvue soksi, utateleza."

Tantine alikuwa kwenye kona, kamera inawaka, shavu moja limevimba kwa pipi. Tulisikia kiti kinasogezwa kule Bretagne, halafu miguu, mmoja, wa pili, bado inatafutana.